Nani Ameshika Rimoti?

Mtaalamu wa Uingereza aliingia katika sebule za familia kumi na nane akauliza nani huchagua kipindi. Majibu aliyopata yalihusu haki ya kupumzika.

Tangu televisheni ilipoanza kuingia majumbani, wazazi, walimu na viongozi wa dini wameulizana swali moja: chombo hiki kinawafanyia nini watu? Je, kinawaharibu watoto? Kinawalevya watu wazima? Kinaua mazungumzo na kuwatenga watu na vitabu? Swali hilo si baya, na majibu yake yamejaza rafu nyingi za maktaba. Lakini lina upungufu. Linamchukulia mtazamaji kama mtungi mtupu unaongoja kujazwa, na linaisahau nyumba ambamo mtazamaji huyo amekaa: nani amekalia kiti kizuri, nani huinuka kila mara kwenda jikoni, nani ana ruhusa ya kusema "badilisha hapo," na nani hathubutu kusema.

David Morley, mtaalamu wa Uingereza aliyefundisha kwa miaka mingi somo la mawasiliano katika Chuo cha Goldsmiths cha Chuo Kikuu cha London, ni mmoja wa watu walioligeuza swali hilo. Alitaka kujua watu wenyewe wanaifanyia nini televisheni, na hasa wanafanyiana nini wao kwa wao mbele yake. Vitabu vyake viliandikwa kwa ajili ya wanafunzi wa vyuo vikuu, lakini kimojawapo kinahusu jambo ambalo kila familia ya mfanyakazi inalifahamu, ingawa ni nadra kulizungumza.

CHIMBUKO LA FIKRA ZAKE

Ili kumwelewa Morley inafaa kurudi Birmingham, mji wa viwanda ulio katikati ya Uingereza. Katika chuo kikuu cha mji huo, mwaka 1964, Richard Hoggart alianzisha kituo cha kuchunguza utamaduni wa siku hizi. Hoggart mwenyewe alikulia katika mitaa ya wafanyakazi ya Leeds. Baada yake kituo kiliongozwa na Stuart Hall, mzaliwa wa Kingston, Jamaica, aliyekwenda Uingereza mwaka 1951 kusoma Oxford.

Wataalamu wa kituo hicho walikataa kuamini kwamba utamaduni ni mali ya wasomi peke yao. Kwao, nyimbo za vijana, magazeti ya mitaani, mpira wa miguu na vipindi vya televisheni vilistahili kuchunguzwa kwa makini kama vile vitabu vya washairi wakubwa. Huko ndiko mamilioni ya watu walikopata picha ya nchi yao na ya nafsi zao.

Mwaka 1973 Hall aliandika makala ambayo imesomwa sana tangu hapo. Alisema kwamba mtengenezaji wa kipindi huweka maana ndani ya kipindi, kama mtu anayefunga mzigo kuupeleka mbali. Lakini anayeufungua mzigo ule ni mtu mwingine, aliyeko mahali pengine, mwenye maisha yake na mawazo yake. Mtazamaji mmoja huipokea habari kama ilivyofungwa. Wa pili huikubali nusu na kuigombea nusu. Wa tatu huikataa kabisa, akaisoma kinyume cha alivyokusudia mtangazaji.

Hilo lilikuwa wazo. Nani angelipeleka kwa watu wenyewe ili kuona kama lina ukweli? Kazi hiyo ilimwangukia Morley.

KIPINDI KIMOJA, MACHO MENGI

Katika miaka ile Shirika la Utangazaji la Uingereza, BBC, lilikuwa na kipindi cha jioni kilichoitwa Nationwide, yaani "Nchi Nzima." Kilitangazwa tangu mwaka 1969 hadi 1983, siku za kazi, wakati familia nyingi zinapokusanyika kwa chakula cha jioni. Kilichanganya habari za siku na visa vya watu wa kawaida wa kila mkoa, kwa sauti ya kirafiki, kana kwamba taifa zima ni familia moja iliyokaa mezani.

Mwaka 1978 Morley na mwenzake, Charlotte Brunsdon, walichapisha kitabu kilichokichambua kipindi hicho chenyewe. Kisha Morley akachukua vipindi viwili vilivyorekodiwa, kimojawapo kikihusu bajeti ya serikali ya mwaka 1977, akavionyesha kwa vikundi 29 vya watu mbalimbali: mameneja wa benki, vijana wanaojifunza ufundi, wanafunzi weusi wa vyuo vya mjini, viongozi wa vyama vya wafanyakazi, na wawakilishi wa wafanyakazi viwandani. Baada ya kila onyesho aliwaacha wazungumze, naye akasikiliza. Matokeo yalichapishwa mwaka 1980.

Tofauti zilikuwa kubwa. Kuhusu kipindi kile cha bajeti, wanafunzi wa uongozi wa viwanda vya uchapaji waliona kwamba mtangazaji amewapendelea mno wafanyakazi. Wawakilishi wa wafanyakazi viwandani waliona kwamba kipindi hicho hicho kimewapendelea mno waajiri. Mameneja wa benki hawakuona ubishi wowote katika mambo yaliyosemwa, ingawa hawakuupenda mtindo wa kusemea. Nao wanafunzi weusi wengi hawakujishughulisha hata kubishana nacho. Hawakuona kitu kinachohusu maisha yao katika familia ile ya taifa, na kimya chao kilikuwa jibu tosha.

Lakini Morley aligundua jambo jingine, ambalo linawahusu wafanyakazi hasa. Vijana wa ufundi, wanafunzi weusi na wawakilishi wa viwandani wote walitoka katika tabaka la watu wafanyao kazi kwa mikono yao, lakini hawakukisoma kipindi kwa namna moja. Vijana wa ufundi walikipokea karibu kama kilivyotolewa. Wale waliokipinga kwa hoja walikuwa wawakilishi wa viwandani, ambao uzoefu wa mapambano ya kazini na mazungumzo katika chama ulikuwa umewapa lugha ya kuhojia mambo. Kwa hiyo kuzaliwa katika tabaka fulani hakutoshi kumfanya mtu aone. Jicho la kuhoji hufunzwa, na hufunzwa pamoja na wengine.

KUTOKA DARASANI KUINGIA SEBULENI

Kazi hiyo ilimpa Morley jina, lakini yeye mwenyewe alikuwa wa kwanza kuikosoa. Aliwaonyesha watu kipindi vyuoni na katika kozi zao, wakiwa na wenzao wa kazi au wa masomo. Lakini televisheni haitazamwi hivyo. Hutazamwa nyumbani, baada ya kazi, watoto wakigombana na sufuria likiwa motoni. Pengine baadhi ya watu wale wasingekitazama kipindi kile kamwe kama wangeachiwa uchaguzi. Na swali la nani anaachiwa uchaguzi nyumbani hakuwa ameliuliza.

Mwanamke mmoja alikwisha kuifungua njia hiyo. Dorothy Hobson, aliyepitia kituo kile kile cha Birmingham, alikwenda kukaa na akina mama majumbani mwao walipokuwa wakitazama Crossroads, mchezo wa mfululizo uliodharauliwa sana na wahakiki wa magazeti. Katika kitabu chake cha mwaka 1982 alieleza jinsi akina mama hao walivyoufuata mchezo wao huku wakiandaa chakula cha watoto, wakisikiliza kwa sikio moja kutoka jikoni na kukimbilia sebuleni jambo kubwa linapotokea. Mhakiki aliyeutazama mchezo ule ameketi kimya kwenye kiti chake hakuona walichoona wao, kwa kuwa hakuutazama kama walivyoutazama wao.

Morley aliifuata njia hiyo. Mwaka 1985 alizitembelea familia 18 za kusini mwa London, akazungumza nazo nyumbani kwao. Kila familia ilikuwa na wazazi wawili na watoto, na kila nyumba ilikuwa na deki ya video. Alianza kuzungumza na baba na mama, kisha watoto wakakaribishwa kushiriki. Mwaka uliofuata, 1986, alitoa kitabu kilichoitwa Family Television, yaani "Televisheni ya Familia," ambacho Stuart Hall alikiandikia utangulizi.

Hakuuliza maswali ya ajabu. Nani huchagua kipindi? Mkipishana, nani hushinda? Rimoti hukaa wapi? Nani hutazama akiwa kimya, na nani hutazama huku akifanya kazi nyingine? Nani anajua kuiendesha deki? Mnazungumza na nani juu ya mliyoyatazama? Maswali ya nyumbani kabisa, lakini majibu yake yaliifungua nyumba kama mtu afunguaye saa ili aone magurudumu yake.

SIWA YA SEBULENI

Jibu la kwanza lilihusu kile kifaa kidogo cha vitufe. Katika nyumba nyingi alizozitembelea, rimoti ilikuwa mali ya baba. Ilikaa juu ya mkono wa kiti chake, na yeye ndiye aliyeitumia karibu peke yake. Hakuna mwanamke hata mmoja katika familia hizo aliyekuwa akiitumia mara kwa mara. Baadhi yao walilalamika kwamba mume huruka kutoka stesheni moja hadi nyingine bila kumwuliza mtu, wao wakiwa katikati ya kutazama. Baba asipokuwapo, mara nyingi rimoti iliangukia mikononi mwa mtoto wa kiume.

Morley aliifananisha rimoti na rungu la enzi ambalo wakubwa wa Ulaya ya kale walibebewa mbele yao ili kila mtu ajue mamlaka yako wapi. Msomaji wa pwani yetu atakumbuka siwa, baragumu kubwa la watawala wa Pate na Lamu, ambalo halikupigwa na kila mtu wala kwa kila jambo. Thamani ya siwa haikuwa katika sauti yake tu. Ilikuwa katika kumwonyesha kila aliyeiona nani mwenye mji.

Kama kitabu kingeishia hapo, kingekuwa kichekesho cha kuwachongea akina baba. Morley hakuishia hapo. Aliuliza kwa nini mambo yako hivyo, na jibu lake ndilo lililokifanya kitabu hiki kidumu.

NYUMBA NI MAPUMZIKO YA NANI?

Alipowauliza wanaume jinsi wanavyotazama, walimwambia kwamba hupenda kutazama kwa makini, kimya, bila kukatizwa, wasije wakakosa jambo. Alipowauliza wanawake, walimweleza namna nyingine kabisa. Wao hutazama huku wakizungumza, wakipiga pasi, wakifuma, wakishona. Kukaa tu na kutazama bila kushika kazi yoyote kuliwaonea haya, kana kwamba wanaiba muda wa watu.

Mtu mwenye haraka angesema kwamba hayo ndiyo maumbile: mwanamume ni mtulivu, mwanamke ana maneno. Morley alilikataa jibu hilo. Alisema tofauti haiko katika damu, iko katika nafasi ambayo kila mmoja amepewa ndani ya nyumba. Kwa mwanamume wa familia zile, nyumba ilikuwa mahali pa kupumzikia baada ya saa za kazi. Kazi ilibaki kiwandani au ofisini, na alipovuka kizingiti aliivua pamoja na koti lake. Kwa mwanamke, nyumba ilikuwa mahali pa kazi. Hata yule aliyeajiriwa nje alirudi jioni akaanza zamu ya pili. Wote wawili waliketi katika sebule moja, mbele ya kioo kimoja, lakini mmoja alikuwa mapumzikoni na mwingine kazini.

Waswahili husema ukiona vyaelea, vimeundwa. Shati lililonyooshwa na chakula kilichofika mezani kabla ya taarifa ya habari havikujiunda. Saa ile ile ambayo baba anaitumia kusikiliza habari za dunia bila kukosa neno, kuna mtu mwingine aliyeitoa. Utulivu wa mmoja una gharama, na aliyelipa gharama hiyo hukaa karibu naye, ubao wa pasi ukiwa mbele yake, akitupia macho kioo kila baada ya kola moja.

Ndiyo maana baadhi ya wanawake wale walimweleza Morley juu ya furaha yao ya siri. Siku ambayo mume na watoto hawapo, walisema, hukaa peke yao wakatazama filamu ya mapenzi na ya kuliza, au tamthilia waipendayo. Lakini hata hapo walizungumza kama watu wanaojitetea. Furaha ya mume ilikuwa haki, isiyohitaji maelezo. Furaha ya mke ilikuwa anasa, tena ya kuonewa aibu kidogo, maana hata kipindi chenyewe kilichekwa kwamba ni cha kipuuzi. Wanaume walisema wanapenda habari, mambo ya ukweli na michezo. Morley alitahadharisha kwamba pengine wapo waliotazama tamthilia pia, ila hawakutaka kukiri mbele ya mtafiti.

Hapa ndipo ninapoona uzito wa kazi yake. Tunapogombana sebuleni juu ya mpira na tamthilia, tunadhani tunagombania vipindi. Mara nyingi tunagombania saa za kupumzika na nani mwenye haki nazo.

ALIYEPOTEZA KAZI HUPOTEZA NA KITI

Ushahidi mkubwa kwamba jambo hili halitokani na maumbile Morley aliupata katika nyumba ambazo baba hakuwa na ajira. Miaka ile ya katikati ya 1980 ilikuwa migumu kwa wafanyakazi wa Uingereza. Viwanda vingi vilifungwa, na idadi ya wasio na kazi ilipita milioni tatu.

Katika familia ambazo mume alikaa nyumbani na mke ndiye aliyekwenda kazini, mizani ilianza kuinama. Ilikuwa kawaida zaidi kwa baba wa namna hiyo kuwaachia wengine watazame watakacho jioni, naye akakirekodi kipindi chake kwenye kanda ili akitazame usiku wa manane au kesho yake mchana. Hakuna sheria iliyopitishwa, wala kikao cha ukoo kilichokaa. Mshahara uliondoka, na pamoja nao ukaondoka uhakika wa kwamba jioni ni yake.

Msomaji asiifurahie habari hii haraka. Ni habari ya kusikitisha kwa pande zote mbili. Inamwonyesha mwanamume aliyefundishwa kwamba heshima yake nyumbani hukaa ndani ya bahasha ya mshahara, na bahasha ilipokuwa tupu akajiona mgeni kwenye kiti chake mwenyewe. Na inatuonyesha kwamba kazi ya mke ya miaka yote, ya kupika, kufua na kulea, haikuhesabiwa kamwe kuwa sababu ya kumpa haki ya jioni. Kilichohesabiwa ni fedha tu.

DEKI YA VIDEO NA KUTOJUA KWA MAKUSUDI

Katika nyumba nyingi za utafiti ule mama hakuwa anaiendesha deki. Akitaka kipindi kirekodiwe, alimwomba mume au mtoto. Na huyu ndiye mtu yule yule aliyekuwa akiendesha mashine ya kufulia na jiko la umeme, vyombo ambavyo navyo vina vitufe na saa zake.

Fumbo hilo lilifumbuliwa vizuri zaidi na mtafiti mwingine, Ann Gray, katika kitabu chake Video Playtime cha mwaka 1992. Gray alizungumza na wanawake wa Dewsbury, mji ulioko kaskazini mwa Uingereza, juu ya matumizi ya video majumbani. Aliwataka wavifikirie vyombo vya nyumbani kana kwamba vina rangi, vingine vya kike na vingine vya kiume, na ikadhihirika kwamba mashine hazigawanywi kwa ugumu wake. Zinagawanywa kwa kazi zinazofanya. Lakini aligundua na jambo la werevu zaidi. Baadhi ya wanawake walikataa kujifunza kuiendesha deki kwa hiari yao. Walijua kwamba siku watakapoijua, kurekodi vipindi vya kila mtu kutakuwa kazi nyingine juu ya zile walizonazo. Kutojua kwao kulikuwa ukuta mdogo wa kujikinga.

Kila mama aliyewahi kusema "mimi hicho sikijui, mwulize baba yako" ataelewa bila kuhitaji profesa wa kumfafanulia.

MIPAKA YA UTAFITI

Haki inatutaka tueleze na mipaka ya kazi hii. Familia 18 ni chache. Zote zilikuwa za Wazungu, zilitoka katika eneo moja la London, na zote zilikuwa na baba, mama na watoto. Humo hamkuwa na bibi, wala shangazi, wala mpwa aliyekuja mjini kusoma, wala mzazi anayelea peke yake. Morley mwenyewe aliyataja mapungufu hayo, akaonya kwamba matokeo yake yasichukuliwe kuwa kanuni ya wanadamu wote. Tena alitegemea yale ambayo watu walimwambia, na watu hawasemi kila kitu mbele ya mgeni mwenye kinasa sauti.

Wapo pia waliomlaumu kwamba kwa kuitazama sana sebule, anaweza kuwasahau wenye vituo vya televisheni na makampuni ya matangazo, ambao nao wana nguvu zao. Lawama hiyo ina uzito. Mtu anaweza kuwa na uhuru wote wa kukisoma kipindi apendavyo, na bado akakosa sauti juu ya vipindi vipi vitengenezwe. Lakini Morley hakusema kwamba mtazamaji ni mfalme. Alisema kwamba kati ya kituo na mtazamaji kuna nyumba, na nyumba ina utawala wake.

Katika kitabu chake cha mwaka 2000, Home Territories, alilipanua swali hilo kutoka nyumba hadi taifa. Aliuliza: tunapoliita taifa "nyumbani," ni nani anayejisikia yuko nyumbani, na ni nani anayehesabiwa mgeni? Ni wazi kwamba wale wanafunzi weusi waliokaa kimya mbele ya Nationwide walikuwa wamebaki katika fikra zake. Sebule ya familia na sebule ya taifa zina jambo moja la pamoja: katika kila moja wapo waliokaa kitini na wapo waliosimama mlangoni.

NA KATIKA SEBULE ZETU?

Kitabu cha Family Television kilipochapishwa mwaka 1986, Kenya na Uganda zilikuwa na televisheni tangu miaka ya 1960, na Zanzibar tangu miaka ya 1970. Tanzania Bara ilikuwa bado haina kituo hata kimoja. Vituo vya kwanza vya Bara vilianza kutangaza mwaka 1994, na familia nyingi zilizoea redio kwanza, ambayo mtu huisikiliza huku akifanya kazi zake bila kudaiwa macho. Televisheni ilipofika, ilidai macho na ikadai kiti. Ndipo swali la Morley lilipohamia kwetu.

Hatuwezi kuyachukua majibu ya London tukayavisha nyumba za Temeke au Kariakoo. Nyumba zetu zina watu wengi zaidi ndani yake, zina wageni, na heshima ya umri ina nguvu zake: babu akiwa sebuleni, hata baba huachia kiti. Katika nyumba nyingi yupo pia msichana wa kazi, ambaye huenda akaitazama tamthilia amesimama mlangoni na ufagio mkononi. Lakini maswali ya Morley tunaweza kuyachukua bila kubadili hata moja.

Wengine watasema kwamba maswali hayo yamepitwa na wakati. Siku hizi kila mtu ana simu yake, na mtoto hutazama vyake chumbani bila kumgombania mtu rimoti. Ni kweli kwamba kioo kimekuwa vioo vingi. Lakini muda haukuongezeka. Mwenye simu nzuri kuliko zote, ikiwa mikono yake imo ndani ya beseni la vyombo, hatazami kitu. Nani hununuliwa kifurushi kwanza, nani hulipia king'amuzi na kwa hiyo hudai mpira wake, nani huitwa "njoo mara moja" akiwa katikati ya kipindi, hayo yote ni yale yale ambayo Morley aliyakuta kusini mwa London mwaka 1985, yamevaa nguo mpya tu.

Jambo zuri katika utafiti wa namna hii ni kwamba kila familia inaweza kuurudia bila gharama. Kwa juma moja, mtoto anayejua kuandika apewe daftari. Kila jioni aandike mambo manne: nani alichagua kipindi, nani alikitazama tangu mwanzo hadi mwisho, nani aliinuka, na aliinuka kwenda kufanya nini. Asihukumu, aandike tu. Jumapili inayofuata daftari lisomwe mbele ya wote, baba akiwapo.

Huenda likaonyesha kwamba nyumba ina usawa, na hilo litakuwa jambo la kushukuru. Huenda likaonyesha kwamba yupo mmoja ambaye kwa juma zima hakukitazama kipindi hata kimoja hadi mwisho. Ikiwa hivyo, dawa yake haitatoka kituo cha televisheni. Itatoka pale pale sebuleni, siku ambayo mtu mwingine atakwenda kupiga pasi ile kola, na yule wa siku zote akaambiwa akae, tena kwenye kile kiti kizuri, akiangalie kipindi chake mpaka kiishe.